Padi Ilibaki Mezani

Sauti ya mama mkwe wangu ilitoka kwenye televisheni Jumamosi mchana, nikiwa peke yangu nyumbani kwetu mjini Wote, na mama mkwe mwenyewe akiwa kwake kijijini Tulia, kule Kitui. "Hodi," ilisema. Niliruka kitini nikatazama mlangoni. Hakuna mtu. Nikatazama dirishani, nikatazama hata nyuma ya kochi, mtu mzima kama mimi. Sauti ikarudia kwa Kikamba, polepole, kwa adabu ya mtu aliyesimama nje ya boma la wenyewe: "Hodi. Wenyewe mko?"

Wazo la kwanza lililonijia, na silionei aibu, ni kwamba amekufa.

Sasa nieleze tulifikaje hapo. Kwetu Ukambani mwanamume na mama mkwe wake hawakai chumba kimoja. Hawatazamani usoni, hawali pamoja, hawazungumzi ana kwa ana. Heshima hiyo iliyochanganyika na haya tunaiita nthoni. Wengi wa rika langu wameiacha, na mchungaji wetu huhubiri kwamba aliyeokoka amewekwa huru na mambo hayo. Mama mkwe wangu ameokoka zamani sana, anaongoza maombi ya akina mama kanisani kwao, lakini kwake wokovu ni wokovu na nthoni ni nthoni. Tangu nimwoe binti yake, maneno yake yote yamenifikia kupitia mtu wa katikati, mara nyingi mtoto wetu. "Mwambie baba yako asante kwa blanketi," angesema, nami nimesimama upande wa pili wa ukuta nikisikia kila kitu, na bado ningengoja mtoto aje aniambie ndipo nijibu.

Mwaka huu alikuja kukaa kwetu kwa sababu ya mguu. Ana ugonjwa wa sukari, na kidonda kilikuwa kimefunguka chini ya vidole kikakataa kufunga. Kliniki ya Wote ilikuwa bora kuliko zahanati ya kwao, basi mke wangu akamleta. Kila asubuhi alimpeleka kuoshwa kidonda, akamwacha kwenye foleni na kukimbilia shuleni anakofundisha, na mama akarudi nyumbani kwa bodaboda. Mtoto wetu wakati huo alikuwa ameenda shule ya bweni. Kwa hiyo tulikuwa watu wazima watatu ndani ya nyumba, na wawili kati yao hawawezi kusemezana.

Nilijipanga. Mimi ni mtu wa mpangilio, mke wangu husema ni ugonjwa. Nilikula mchana mjini na jioni nikala kibandani karibu na ofisi, ili mama ale mezani kwa raha yake. Nikifika nyumbani nilikohoa getini, nikakohoa tena mlangoni, na nilipoingia sebuleni nilikuta kiti chake karibu na dirisha kitupu, mkonge wake wa kufuma kiondo, kile kikapu chetu cha Kikamba, umewekwa pembeni, na pazia la mlango wa chumbani bado linatikisika. Nilijiona mkwe wa mfano. Namwachia mama nyumba, nakula barabarani, silalamiki. Mkwe gani mwingine Wote nzima angefanya hivyo?

Kisha nilikaa kucheza gemu. Nacheka ninapoandika hili, maana wanaume wa umri wangu husema wanatazama habari. Mimi hucheza mpira kwenye mashine, na ndugu yangu anayeuza vipuri Kambu, kando ya barabara kuu, hucheza nami kwa intaneti kutoka kwake. Kile kidude cha kushika mkononi, tunachokiita padi, kina maikrofoni ndani yake. Naongea nikikishika, ndugu yangu anasikia Kambu, anajibu, na sauti yake inatoka kwenye televisheni yangu. Tunapigiana kelele kama watoto. Nikifunga bao zuri nabonyeza kitufe kidogo upande wa kushoto, mashine inarekodi vidio pamoja na makelele yangu, halafu namtumia ili aumie. Tukimaliza naweka padi mezani, juu ya kitambaa cha kufuma, sehemu ileile, ikitazama upande uleule. Mashine siizimi kabisa; padi ikiguswa inaamka na mechi inaendelea, na ikiachwa inasinzia tena. Mke wangu amewahi kuisogeza padi kidogo tu aone kama nitajua. Nilijua.

Siku moja mama mkwe akaomba apelekwe kwao. Ghafla tu. Mke wangu alilia, akamsihi, akamuuliza kama amekosewa. "Nimechoka na mji," ndilo jibu pekee alilotoa. Alirudi Tulia na bandeji yake, na kila tulipopiga simu kumwomba arudi kliniki alisema zahanati ya kwao inatosha. Haikutosha. Jirani yake alimnong'onezea mke wangu kwamba mguu umeanza kunuka. Mke wangu akaacha kulala vizuri. Alinigeukia siku moja akaniuliza, "Kwani ulimfanyia mama nini?" Nilikasirika mpaka nikatoka nje. Nimfanyie nini mtu ambaye hata sijawahi kumtazama usoni? Nililala nimemnunia, na moyoni nilisema maneno makali juu ya mama mkwe asiyejua shukrani.

Katika hali hiyo ndipo mashine ikaniambia imejaa. Nilitaka kuweka gemu mpya ya mpira, ikakataa: nafasi haitoshi. Nikampigia ndugu yangu wa Kambu.

"Imejaa aje na uko na gemu tatu tu?" akashangaa. "Yangu iko na kumi na bado inapumua."

"Sijui. Imejaa."

"Basi nunua external. Unachomeka nyuma, unaifomati, unahamisha gemu zote huko. Ndani kunabaki peupe."

Nilienda dukani mjini nikanunua diski ya nje, kiboksi cheusi kidogo kinachoenea kiganjani. Muuzaji alinihakikishia, "Hii iko poa, boss. Ikikuuliza kama ifute kila kitu, wewe sema yes, ni mpya, haina kitu." Jumamosi, mke wangu akiwa kwenye mkutano wa akina mama kanisani, nikaichomeka. Mashine ikauliza, nikajibu ndiyo, ikafomati, ikawa tayari. Kabla ya kuhamisha gemu nikafungua ukurasa unaoonyesha nafasi imeliwa na nini, kwa sababu swali la ndugu yangu lilikuwa limeniuma.

Gemu zilikuwa zimechukua sehemu ndogo tu. Kilichomeza mashine kilikuwa vidio. Nikafungua nikakuta safu ya vidio ambazo sikuzijua, ndefu mno, si za bao moja la kutamba. Zote zilionyesha uwanja wa mpira. Nikaudhika. Nilidhani kitufe kimekwama, mashine imekuwa ikijirekodia upuuzi. Nikaziwekea alama zote ili nizifute kwa mpigo mmoja, na mashine ikaniuliza kama nina uhakika. Kidole kilikuwa tayari juu ya kitufe. Kilichonizuia ni choyo tu: huenda kati yake kuna bao langu moja zuri. Nikarudi nyuma, nikafungua ya kwanza.

Ndipo nikasikia hodi.

Kwenye skrini, timu yangu ilikuwa imesimama uwanjani bila kusogea, kila mchezaji mahali pake, na wapinzani wanapita katikati yao kama watu wanaopita sokoni, wanafunga, wanasherehekea, wanarudi, wanafunga tena. Juu ya kelele za mashabiki ilikuwa sauti ya mama.

"Basi, uko kazini," alisema baada ya kungoja. "Nitaacha neno hapa, utalikuta. Nimekuona ukisema na hiki na ndugu yako anakujibu. Mtoto hayupo wa kutumwa, sasa nimetuma hiki."

Niliketi chini sakafuni.

Alikuwa akiniona. Nyuma ya lile pazia alikuwa akisikiliza makelele yangu jioni baada ya jioni, na kwa macho yake padi ilikuwa kitu unachokiambia neno nalo linafika. Alikuwa ameona nabonyeza kitufe kabla ya kusema, naye akabonyeza. Hakujua kwamba kinatakiwa kubonyezwa tena ili kurekodi kuishe, basi mashine ikaendelea kumeza kila kitu mpaka ikachoka yenyewe: mama akisema, mama akinyamaza, mama akiosha vikombe, mama akiimba wimbo wa kanisani huku mkonge ukikwaruza. Kunipigia simu asingethubutu, simu ni mdomo kwa mdomo. Padi ilikuwa kitu cha katikati, kama mtoto wetu. Alikuwa amepata njia ya kusema nami bila kuvunja nthoni, na mimi sikujua.

Katika vidio ya pili alinigombeza. Kwa upole, lakini alinigombeza. "Mwanangu, unakula wapi? Binti yangu anapika sufuria nzima, na wewe unarudi mdomo umekauka. Mimi nikikusikia unakohoa naingia ndani. Kula kwako. Usiikimbie nyumba yako kwa ajili yangu, naona vibaya." Akangoja. Alikuwa anangoja kila baada ya maneno machache, kama nitamjibu kutoka kwenye televisheni jinsi ndugu yangu anavyofanya. Wapinzani wakafunga bao. "Haya," akasema. "Utajibu ukipata nafasi."

Huo mpango wangu wote wa mkwe wa mfano! Nilikuwa nimekula maharagwe ya kibandani majuma na majuma nikijisifu, na yeye ameketi dirishani akiamini anafukuza mtu nyumbani kwake.

Nikafungua ya tatu. Laiti ningekuwa nimeisikia siku aliyoisema.

"Leo nimeambiwa neno," alianza, na sauti ilikuwa ya chini, nikalazimika kusogea karibu na televisheni. "Daktari anasema vidole vimekufa. Anataka vikatwe sasa, kabla kile kitu hakijapanda mguu. Sijamwambia binti yangu. Unajua presha yake. Na nikikatwa nitakaa hapa siku nyingi, niogeshwe, nibebwe, na wewe utakuwa unatangatanga nje muda huo wote. Nyumba ni yako. Siwezi kujikatia shauri ndani ya nyumba ya mtu. Kwa hiyo nakuuliza."

Nilisikia akivuta pumzi.

"Sikuombi unijibu kwa mdomo. Ukikubali nikatwe nikae hapa, hiki kidude kiweke kwenye kiti changu, hiki cha dirishani. Ukiona ni mzigo, kiache pale mezani unapokiweka siku zote. Sitauliza tena, na sitakukasirikia."

Sikumbuki kama nilipiga kelele. Nakumbuka nilisema "Hapana" kwa sauti, nikaiambia televisheni, "Hapana, hapana, hapana." Maana nilijua jibu nililompa. Nililijua vizuri kuliko mtu yeyote duniani. Jioni ile nilicheza na ndugu yangu, nikacheka, nikainuka, nikaweka padi mezani juu ya kitambaa, sehemu ileile, ikitazama upande uleule. Naona hata nilivyoinyoosha kwa kidole ikae sawa. Na asubuhi yake mama alichechemea kutoka chumbani, akishika ukuta, akafika sebuleni kutafuta jibu lake kitini, na kiti kilikuwa kitupu.

Vidio ya mwisho ilikuwa na maneno machache tu. "Nimeona. Sina kinyongo. Umenilisha na kunilaza, Mungu akubariki. Nitasema nimechoka na mji." Halafu akaniombea. Aliniombea mimi, kazi yangu, hata ndugu yangu wa Kambu aliyemjua kwa kelele tu. Alipomaliza aliweka padi mezani, nikasikia ikigusa kitambaa, na mechi ikaendelea kuchezwa na watu waliosimama.

Mke wangu aliingia katikati ya maombi. Sikumsikia akifungua mlango. Nilisikia tu nyanya alizonunua njiani zikimwagika sakafuni.

"Mwaitu?" aliita, jinsi tunavyomwita mama. Akaingia chumbani mbio, akatoka. "Mwaitu ako wapi? Hiyo ni sauti yake. Amekuja na nani?"

"Hajakuja."

"Sasa nani anaomba? Wewe, mbona unalia? Kumeenda aje? Mama amekufa?"

"Hajafa. Keti kwanza."

"Sitaki kuketi! Niambie!"

Sikuweza kumwambia. Nilimwekea vidio ya tatu, nikatoka nikasimama uani kwa sababu sikuweza kuisikia mara ya pili. Kutoka uani nilimsikia akitoa sauti moja ya juu. Nilipoingia alikuwa amekaa kwenye kiti cha dirishani. Hakunilaumu. Alinitazama tu kama mtu asiyejua amtazame vipi mwenzake, akasema, "Toa gari."

Kabla ya kutoka nilichukua padi nikaitia mfukoni.

Niliyumbisha gari, na mara mbili mke wangu aliniuliza kama aendeshe yeye. Nilikuwa nikifikiria vidole, nikifikiria majuma yaliyopita, nikifikiria neno lile, kupanda.

Tulimkuta mama nyuma ya nyumba, ameketi kitini akichambua mbaazi, mguu umefungwa leso na kuegeshwa juu ya gunia. Harufu tuliipata kabla hatujamfikia. Aliponiona alijifunika uso kwa leso nyingine na kuanza kuinuka akimbilie ndani, mazoea ya miaka yote, lakini mguu ukamkatalia, akabaki nusu amesimama nusu ameketi, ameshika ukuta, amefunikwa uso. Ilikuwa vibaya kuliko chochote nilichowahi kukiona. Nikageuka haraka nikampa mgongo, na mke wangu akamshika akamwingiza ndani.

Kiti chake kilibaki kitupu. Nikaenda nikatoa padi mfukoni, nikaiweka juu yake, katikati kabisa. Kisha nikazunguka pembe ya nyumba, nikasimama upande wa pili wa ukuta, mahali pa mkwe.

Nilimsikia akitoka, akiburuta mguu, mke wangu akimwambia polepole mama, polepole. Hatua zikakoma. Kuku walikuwa wakipekua maganda ya mbaazi. Kiti kikalia, maana yake ameketi. Kitufe kikabonyezwa, kile kidogo cha kushoto, naujua mlio wake.

"Taa yake haiwaki," mama alisema. Sauti ilikuwa imezeeka kuliko ile ya kwenye vidio. "Hatanisikia."

Nami nikafungua mdomo, mimi ambaye sijawahi kumwambia neno moja.

"Nakusikia, mama," nilisema.

Nilidhani nimeharibu kila kitu. Kisha akauliza kutoka upande wake wa ukuta, si kwa binti yake, si kwa padi: "Sasa unasemaje? Nikatwe?"

"Ukatwe, mama. Ukae kwetu."

"Utakuwa unakula nyumbani?"

"Nitakula nyumbani."

Hospitalini walituambia kwamba wakati wa vidole umepita. Waliukata mguu chini ya goti. Daktari alieleza kwa upole, alikuwa mtu mzuri, na kila neno lake nilisikia likianza na ile jioni na kile kitambaa. Mama alikubali bila kulia. Mke wangu ndiye aliyelia, na presha yake ilipanda kweli, tukawa na wagonjwa wawili. Sijazoea bado. Kuna wakati namwona akivuka sebuleni kwa magongo nami nashtuka upya kama Jumamosi ile.

Gemu zote nimezihamishia kwenye diski ya nje. Zimeenea huko, na nafasi imebaki. Ndani ya mashine nimeacha zile vidio zake, sikufuta hata moja, wala sijafungua tena ile ya tatu. Mama anaishi nasi. Bado hatutazamani usoni, na nikiingia hujifunika leso, lakini haondoki sebuleni, na mimi nala kwenye meza yangu nikiwa nimempa mgongo.

Kile kitambaa mezani sasa hakina kitu juu yake. Padi hukaa kwenye kiti cha dirishani, kando ya kiondo chake, na nikitaka kucheza ni lazima nimwombe.